Mtu wa Kamera Aliyezoea Mahakama

Mwanzoni mwa Novemba 1974, mji wa Patna, makao makuu ya jimbo la Bihar kaskazini mwa India, ulikuwa ukisubiri shari. Jayaprakash Narayan, mzee wa miaka 72 aliyewahi kufungwa na Waingereza wakati wa kupigania uhuru, alikuwa ameitisha maandamano tarehe 4 kupinga rushwa serikalini, na hakuna aliyetarajia polisi wakae wakitazama. Waandaaji wakatafuta mtu wa kupiga picha, ili virungu vikianza kushuka pawe na ushahidi. Kazi ikamwangukia kijana wa miaka 24 kutoka Bombay aliyekuwa ameingia katika harakati zile kwa kujitolea. Jina lake Anand Patwardhan.

Aliona picha za mnato hazingetosha. Akarudi Delhi, akaazima kamera ndogo za Super 8, aina ambayo familia zenye uwezo zilitumia kurekodi harusi na watoto wao, kisha akarejea Patna akiwa na rafiki yake. Virungu vilishuka kweli. Hata mzee Narayan hakusalimika. Lakini mkanda wa Super 8 ni mwembamba mno, na huwezi kutoa nakala za kuzungusha nchi nzima kwa urahisi. Basi wakaufungia kwenye projekta, wakautupa kwenye skrini, na mbele ya skrini ile wakaweka kamera nyingine ya milimita 16 ikarekodi kilichokuwa kikionekana. Picha ikatoka na chengachenga, weusi umemeza weupe, ila watu wanaonekana, na hasira yao inaonekana. Ndivyo ilivyozaliwa *Kranti Ki Tarangein*, yaani Mawimbi ya Mapinduzi, filamu iliyoanzisha safari ambayo sasa imevuka nusu karne.

Wengi wetu pwani ya Afrika Mashariki tumeijua Bombay kwa sinema za aina nyingine. Kumbi za Unguja, Mombasa na Dar es Salaam zilijaa kwa ajili ya Raj Kapoor na waliomfuata, na watu wasiojua hata neno la Kihindi walitoka wakiimba nyimbo za filamu. Patwardhan ametoka mji huohuo, lakini kazi yake haina nyota, haina ngoma za kupangwa, na kwa sehemu kubwa ya maisha yake haikuwa na ukumbi wa kuonyeshwa. Hilo la ukumbi ndilo lililonivuta kuandika habari zake. Kutengeneza filamu kulimchukua miaka. Kuifikisha machoni pa wananchi wenzake mara nyingine kulimchukua miaka mingi zaidi, na alikuhesabu kuwa ni sehemu ya kazi ileile.

Alizaliwa tarehe 18 Februari 1950, wiki tatu na siku mbili baada ya Katiba ya Jamhuri ya India kuanza kutumika. Baba zake wakubwa, Rau na Achyut Patwardhan, walikuwa wapigania uhuru. Achyut alikuwa miongoni mwa wanasoshalisti walioendesha upinzani wa chinichini dhidi ya Waingereza miaka ya 1940. Mama yake, Nirmala, alikuwa mfinyanzi aliyesoma Santiniketan, chuo alichokianzisha Rabindranath Tagore, na baadaye akaandika kitabu kuhusu ufinyanzi. Kijana akasoma fasihi ya Kiingereza Bombay, kisha akapata nafasi ya kusoma sosholojia katika Chuo Kikuu cha Brandeis, Marekani. Vita vya Vietnam vilikuwa vimewasha moto vyuoni, naye akaingia katika maandamano. Alipomaliza mwaka 1972 hakutafuta kazi. Alikwenda California kujitolea katika chama cha wafanyakazi wa mashambani cha Cesar Chavez, kilichokuwa kikiwashawishi Wamarekani wasusie zabibu na saladi za matajiri wasiotaka kuwalipa vibarua sawasawa. Nadhani ni pale, kuliko darasani, alipojifunza kwamba mambo hubadilika kwa watu kukusanyika, na kwamba chochote kinachowakusanya ni chombo cha kazi.

Filamu ya Bihar ilikuwa bado mbichi pale, tarehe 25 Juni 1975, Waziri Mkuu Indira Gandhi alipotangaza hali ya hatari. Siku 13 kabla, Mahakama Kuu ya Allahabad ilikuwa imebatilisha ushindi wake wa ubunge. Narayan akakamatwa, wapinzani wakajazwa magerezani kwa maelfu, magazeti yakapitiwa na wakaguzi kabla ya kuchapwa. Kuwa na filamu ile nyumbani sasa ilikuwa hatari. Ikaonyeshwa kwa siri, kisha nakala ikakatwa vipandevipande na kutoroshwa nje ya nchi. Patwardhan naye akaondoka, akapata nafasi Chuo Kikuu cha McGill huko Montreal, akaunganisha tena vipande na kuzunguka navyo kwa Wahindi waishio ughaibuni, akiwaeleza kinachotokea nyumbani. Hali ya hatari ilipoondolewa mwaka 1977 alirudi, na mwaka uliofuata akatoa *Zameer Ke Bandi*, filamu kuhusu wafungwa wa kisiasa. Jambo la kutilia maanani ni kwamba haikuishia kwa waliofungwa na Indira Gandhi. Ilisema wazi kwamba magereza yalikuwa na wafungwa wa aina hiyo kabla yake, na kwamba serikali mpya, ile iliyoingia kwa jina la demokrasia, ilikuwa bado inawashikilia wengine. Waliotarajia awe mpiga debe wa washindi wakajua hakuwa mtu wao.

Canada aliirudia mara moja zaidi, kwa *Uthan Da Vela* ya mwaka 1981, aliyotengeneza na Jim Monro kuhusu Wapunjabi waliokuwa wakichuma matunda katika mashamba ya British Columbia, wakinyonywa na madalali wa vibarua na kupumua dawa za kuulia wadudu, na jinsi walivyounda chama chao. Ni filamu fupi na nyepesi kuliko zilizofuata. Baada ya hapo akatulia Bombay.

Na Bombay ya wakati huo ilikuwa ya bomoabomoa. Karibu nusu ya wakazi wa mji waliishi kwenye vibanda au pembezoni mwa barabara, na hao ndio waliojenga maghorofa, wakafagia mitaa, wakapika na kufua katika nyumba za matajiri. Mwaka 1981 serikali ya jimbo iliamua kuwaondoa wakaao kando ya barabara na kuwarudisha walikotoka. Kesi ikafika Mahakama ya Juu, na Julai 1985 majaji wakatoa hukumu yenye sura mbili: haki ya kuishi inajumuisha haki ya kujipatia riziki, lakini serikali inaweza kuwabomolea ilimradi itoe taarifa kwanza. Katika miaka hiyo ndipo Patwardhan alipopiga picha za *Hamara Shahar*, Mji Wetu.

Kuna sehemu moja katika filamu hiyo ambayo kila anayeitazama huikumbuka. Nyumba zimeshabomolewa. Mama mmoja, akiwa amesimama kwenye mabaki ya kibanda chake, anaigeukia kamera na kumwakia mwenye kuishika. Unatupiga picha ujipatie jina, anamwambia kwa maana hiyo. Sisi utatusaidia nini? Mwongozaji mwingine angekata kipande hicho, au angekifuata na maelezo ya kujitetea. Patwardhan alikiacha kama kilivyo, katikati ya filamu, bila jibu.

Jibu, kama lipo, tulitafute katika yaliyofuata. Filamu ilishinda Tuzo ya Taifa, na aliyepanda jukwaani kuipokea alikuwa mwanamke mkaazi wa vibanda. Mwaka 1986, mtaa wa mabanda wa Sanjay Gandhi Nagar, karibu kabisa na ofisi za kifahari za Nariman Point, ulibomolewa. Patwardhan, mwigizaji mashuhuri Shabana Azmi na baadhi ya wakazi wakagoma kula, wakakaa siku kadhaa bila chakula hadi serikali ya jimbo ilipokubali kuwapa waliobomolewa ardhi nje kidogo ya jiji. Sidai kwamba filamu ndiyo iliyowapatia ardhi. Lakini mtu aliyeulizwa atasaidia nini alionekana pale, na tumbo tupu.

Hapo ndipo mahakama inapoingia, na inafaa tuelewe jinsi njia hiyo ilivyofanya kazi. Televisheni ya India wakati ule ilikuwa moja tu, Doordarshan, mali ya serikali. Filamu ya hali halisi ambayo haikurushwa na Doordarshan ilibaki kutazamwa vyuoni na kwenye vyama vya mashabiki wa sinema. Lakini dola ileile ilikuwa na taasisi nyingine mbili: bodi ya ukaguzi iliyotoa cheti, na jopo la Tuzo za Taifa, ambalo kwa kawaida lilijaa watu wa fani na kupima kazi kwa ubora wake. Na Doordarshan ilikuwa na utaratibu wa kurusha filamu za hali halisi zilizopata tuzo hiyo. Patwardhan akaishika serikali kwa maneno yake mwenyewe. Kama bodi yenu imeruhusu filamu ionyeshwe kwa umma, na jopo lenu limeitunuku, televisheni yenu inaikataa kwa sababu gani? Akaegemea ibara ya 19 ya Katiba, inayolinda uhuru wa kujieleza, akidai kwamba ibara hiyo inalinda pia haki ya mtazamaji ya kupata habari. Miaka ya kesi ikapita, akashinda, *Hamara Shahar* ikarushwa. Nchi nzima ikawaona watu wa vibanda wakijieleza wenyewe.

Kesi iliyokuwa na uzito kuliko zote ilitokana na filamu ya 1992. Mjini Ayodhya kulikuwa na msikiti wa karne ya 16, Babri, ambao vyama vya siasa kali za Kihindu vilidai umejengwa mahali alipozaliwa mungu Rama. Septemba 1990, L. K. Advani, kiongozi wa chama cha BJP, alipanda gari la Toyota lililopambwa mfano wa kigari cha vita cha zamani na kuanza safari ndefu kutoka Somnath, magharibi, kuelekea Ayodhya, akihutubia njiani. Nyuma yake mapigano kati ya Wahindu na Waislamu yalizuka katika miji mbalimbali. Mwezi uliofuata alikamatwa Bihar, lakini wafuasi wake wakaendelea, na tarehe 30 Oktoba umati ukauvamia msikiti. Patwardhan alikuwepo na kamera yake.

*Ram Ke Naam*, Kwa Jina la Rama, haina wataalamu wanaokaa mbele ya rafu za vitabu. Ina wakulima, wapita njia, wanawake wa matabaka ya chini, na vijana waliojifunga vitambaa vya rangi ya zafarani. Sauti ya Patwardhan inasikika kutoka nyuma ya kamera ikiuliza maswali ya kawaida kabisa kwa upole. Rama alizaliwa lini? Anamuuliza kijana aliye tayari kufa kwa ajili ya mahali alipozaliwa Rama. Kijana anababaika. Halafu anatokea Laldas, kuhani wa hekalu la Rama la palepale Ayodhya, aliyewekwa na mahakama, mtu ambaye hakuna awezaye kumwita adui wa dini yake. Anaeleza kwa utulivu kwamba wale wanaopiga kelele za kujenga hekalu hawajawahi hata mara moja kuja kusali pale. Kinachotafutwa ni kura na fedha, na Wahindu na Waislamu wa Ayodhya wameishi pamoja siku zote. Nimeitazama sehemu hiyo mara nyingi na bado inanishika kooni, kwa sababu tunajua kilichompata. Laldas aliondolewa kwenye kazi yake mwaka 1992. Novemba 1993 aliuawa kwa risasi.

Msikiti ulikuwa umeshaangushwa tarehe 6 Desemba 1992, na machafuko yaliyofuata, Bombay ikiwemo, yaliua watu wengi mno. Filamu ilikuwa tayari miezi mingi kabla ya siku hiyo, ina cheti, ina Tuzo ya Taifa. Doordarshan haikuirusha. Kesi ikafunguliwa tena, na ni mwaka 1997 tu, kwa amri ya Mahakama Kuu ya Bombay, ndipo ilipoonekana katika televisheni, saa ambazo watu wako nyumbani. Miaka mitano baada ya vifusi. Sijui mtu awezaje kuipima hasara ya miaka mitano hiyo.

Filamu iliyofuata, *Pitra, Putra Aur Dharmayuddha*, ilijaribu kueleza uhusiano wa vurugu za kidini na namna wanaume wanavyolelewa kuona uanaume wao. Kwa maoni yangu ndiyo iliyojaa msimulizi kupita kiasi. Mara kwa mara sauti inatuambia kile ambacho picha imekwisha kutuonyesha. Lakini kisheria ndiyo iliyofika mbali zaidi. Sehemu ya kwanza ilipewa cheti cha kutazamwa na watu wote, ya pili cheti cha watu wazima, na Doordarshan ikakishika hicho cha pili kuwa kisingizio. Mwaka 2006, zaidi ya miaka kumi baada ya kukamilika, Mahakama ya Juu ya India iliamuru irushwe.

Serikali nayo ilijifunza. Kwa *Jang Aur Aman* ya 2002, iliyotokana na majaribio ya mabomu ya nyuklia ya Mei 1998, kikwazo kililetwa mapema, kwenye cheti chenyewe. Filamu inapita India, Pakistan, Hiroshima, Nagasaki na Marekani. Bodi ikataka ikatwe sehemu 21, na miongoni mwake picha na hotuba zote za viongozi wa siasa, Waziri Mkuu akiwemo. Filamu kuhusu bomu la serikali isiyo na serikali ndani yake! Mahakama Kuu ya Bombay iliagiza mwaka 2003 kwamba ionyeshwe bila kukatwa hata sehemu moja. Kama bodi ingefaulu kuikatakata, labda tungebaki na wasichana wa shule ya Pakistan wanaofanya mdahalo. Mmoja anatetea bomu kwa ufasaha, anapigiwa makofi. Mdahalo ukishaisha, Patwardhan anawauliza wasichana wenyewe wanaamini nini. Wanatazamana, kisha wanakiri kwamba upande ule ulichaguliwa kwa sababu ndio unaoshinda.

Mwaka 2004 tamasha la kimataifa la filamu za hali halisi la Mumbai, jina jipya la Bombay, lilitaka filamu za Kihindi ziwe na cheti cha ukaguzi ilhali za nje hazikutakiwa. Watengenezaji filamu wakasimama pamoja, Patwardhan kati yao, na filamu zilizokataliwa zikaandaliwa tamasha lao mjini humohumo, likaitwa Vikalp.

Halafu ikaja kazi ambayo, kwangu mimi, ndiyo kubwa kuliko zote. Katika *Hamara Shahar* kulikuwa na mwimbaji, Vilas Ghogre, Dalit, yaani mtu wa tabaka la chini kabisa katika mfumo wa matabaka ya Kihindu, mkaazi wa vibanda, aliyetunga nyimbo za wanyonge na kuziimba kwa sauti inayopasua. Tarehe 11 Julai 1997, wakazi wa Ramabai Colony, mtaa wa Wadalit Mumbai, walikuta sanamu ya Ambedkar, kiongozi wao na mwenyekiti wa kamati iliyoandika Katiba, imevishwa shada la viatu. Wakatoka kuandamana. Polisi wakafyatua risasi, watu 10 wakafa. Siku chache baadaye Ghogre alijinyonga. Alikuwa mtu wa mrengo wa kushoto ambaye kwa miaka alijiweka mbali na siasa za Ambedkar, lakini alikufa akiwa amejifunga kitambaa cha buluu kichwani, rangi ya Wadalit, na ukutani ameandika maneno ya kuwatakia umoja.

Patwardhan alianza kupiga picha siku zilezile na hakumaliza kwa miaka 14. Alitaka kuona kesi ya yule ofisa wa polisi aliyeamuru risasi ingeishia wapi. Kesi ilijivuta hadi 2009, ofisa akahukumiwa kifungo cha maisha, kisha muda si mrefu akapata dhamana. Kadiri kesi ilivyojivuta, filamu ilizidi kujaa nyimbo, kwa sababu Wadalit wa Maharashtra huhifadhi historia yao kwa kuimba. *Jai Bhim Comrade* ilitoka mwaka 2011 ikiwa na zaidi ya saa tatu. Ilipelekwa kwanza kwa wenyewe, ikatundikwa skrini nje, usiku, katikati ya mitaa yao, watu wakikaa chini na watoto mapajani. Vijana wa kikundi cha waimbaji wanaoonekana ndani yake, Kabir Kala Manch, walipotuhumiwa kuwa wafuasi wa waasi na wengine kujificha, Patwardhan aliingia katika kamati ya kuwatetea.

Mwaka 2015 alirudisha Tuzo yake ya Taifa, pamoja na waongozaji wengine, kulalamikia mauaji ya wasomi na hali ya kutovumiliana. Ile karata aliyoitumia mahakamani kwa miaka mingi akairudisha kwa waliompa. Filamu yake ya mauaji hayo, *Vivek*, inawafuatilia Narendra Dabholkar, Govind Pansare, M. M. Kalburgi na Gauri Lankesh, waliopigwa risasi kati ya 2013 na 2017. Ilipata tuzo ya juu ya tamasha la IDFA, Amsterdam, mwaka 2018. Nyumbani, wizara ilisita kutoa kibali ionyeshwe kwenye tamasha la Kerala, na Mahakama Kuu ya jimbo hilo ikaruhusu. Patwardhan aliiweka pia YouTube, sehemu baada ya sehemu, mtu yeyote aione bure.

Mwaka 2023 alitoa filamu ya tofauti, *Vasudhaiva Kutumbakam*, Dunia ni Familia. Ni picha alizowapiga wazazi wake walipokuwa wakizeeka, Nirmala na vyungu vyake, baba yake na mzaha wake, na hadithi za wale wazee wa uhuru. Ni ya upole kuliko zote, na inafafanua zilizotangulia, maana unaona nyumba ambamo habari za India ya watu wote zilikuwa mazungumzo ya mezani.

Lakini filamu inayozungumzwa zaidi bado ni ile ya 1992. Novemba 2019 Mahakama ya Juu iliwapa Wahindu ardhi ya Ayodhya, na Januari 2024 hekalu jipya likazinduliwa na Waziri Mkuu Narendra Modi palepale msikiti ulipokuwa. Siku zilezile vijana katika miji mbalimbali walikusanyika kuitazama *Ram Ke Naam*. Huko Hyderabad onyesho lililofanyika mkahawani lilisimamishwa, polisi wakawakamata waandaaji. Filamu waliyokuwa wakiitazama ina Tuzo ya Taifa, imekwisha kurushwa na televisheni ya serikali kwa amri ya mahakama, na cheti chake cha ukaguzi, ambacho hakijawahi kufutwa, kinairuhusu itazamwe na watu wa umri wowote.